Hindi Lilikuwa Wapi? Juu ya matembezi moja ya kuonja chakula cha kienyeji kule Mexico

Bandugu, wiki mbili zilizopita wawili kati yetu waliweka hapa wazo lao: kuanzisha matembezi ya kuonja chakula cha kienyeji mu Lubumbashi, kwa wageni wanaokuja juu ya mambo ya migodi na ambao wanalala hoteli, wanakula hoteli, wanarudi kwao bila kuonja hata kijiko kimoja cha sombe. Waliomba maoni. Waliniomba hasa mimi, juu wanajua kama nilisha fanya matembezi ya namna hiyo. Nimechelewa kujibu kwa sababu nilitaka kujibu kwa mrefu. Mwenye haraka asome aya mbili za mwisho, lakini asinilaumu kama hataelewa.

Ilikuwa Agosti 2024. Nilikuwa Texcoco, pembeni ya jiji la Mexico, kwa mafunzo mafupi juu ya mahindi. Jumamosi ya mwisho, waliotualika walitulipia matembezi ya kuongozwa kwa miguu mu katikati ya jiji: masaa matatu na nusu, vituo vitano, "ladha za asili za Meksiko". Bei ilikuwa dola 75 kwa mutu. Nilipiga hesabu, maana sisi watu wa agronomi tuko na huo ugonjwa. Mshahara wa chini wa kule mwaka ule ulikuwa karibu peso 249 kwa siku. Kwa hiyo tiketi yangu ilikuwa kazi ya karibu siku sita ya mtu wa pale pale. Nimeiweka hesabu hii mwanzo ili mujue kwa nini nilikuwa mkali. Kitu cha bure mutu hukisifu. Kitu cha bei ya siku sita lazima kijieleze.

Tulikuwa tisa: wane kutoka mafunzo, wengine ni ba turisti wa Marekani na Ujerumani. Karibu yangu alikuwa mwenzangu mmoja wa Zambia, mama mtafiti wa mbegu, na tulikuwa tunasemezana Bemba ili tusisikiwe. Gidi wetu alikuwa kijana wa umri wetu, mcheshi, mwenye sauti, anayejua kutembea kinyumanyuma bila kugonga watu. Nasema mapema: kama gidi alikuwa muzuri. Shida zangu ziko kwa njia aliyopewa kufuata, si kwake.

Kituo cha kwanza kilikuwa soko la San Juan, barabara ya Ernesto Pugibet. Ni soko safi, lenye taa nzuri, na linajulikana sana kwa vitu vya ajabu: nyama ya mamba, ya mbuni, jibini za Ulaya, uyoga wa kila rangi. Wapishi wa mikahawa mikubwa njo wananunua pale. Sasa muniambie: mutu akija Lubumbashi kutafuta chakula cha kienyeji, mutamupeleka ku supamaketi ya katikati ya mji? Watu wa Mexico wenyewe wananunua mboga La Merced, soko kubwa sana upande wa mashariki wa jiji la zamani, ao mu masoko ya barabarani yanayofunguliwa siku moja kwa wiki mu kila mtaa. Hatukupelekwa huko. Sababu naielewa, La Merced kuna msongamano na wezi wa simu, kama kwetu. Lakini neno "asili" lilikuwa limeandikwa kubwa ku karatasi yao, na kuanzia dakika ya kumi nilianza kuliona linalegea.

Tulionja panzi waliokaangwa na chumvi, vitunguu saumu na ndimu. Wanawaita chapulines, wanatoka sana jimbo la Oaxaca. Wajerumani walipiga picha kabla ya kumeza na baada ya kumeza. Mimi na mama wa Zambia tulikula mkono mzima. Mutu aliyekomea na binkubala na inswa, panzi wa ndimu atamwambia nini? Gidi alishangaa kuona hatuogopi, na kidogo alikosa furaha, juu sehemu ile ya matembezi imejengwa paka juu ya woga wa mgeni. Hili mulikumbuke, nyinyi wenye wazo: mutakapowaonyesha watu binkubala, mutakuwa munauza chakula ao munauza woga?

Halafu wakatuletea huitlacoche. Hapa nilisimama. Bandugu ba agronomi wanakumbuka darasa la magonjwa ya mimea: Ustilago maydis, charbo ya mahindi. Ule uvimbe wa kijivu unaotoka mu hindi, unapasuka, unatoa unga mweusi. Tulifundishwa kung'oa, kuchoma, kutorudisha mabaki mu shamba. Niliandika mambo hayo mu mtihani na nikapata pointi nzuri. Na pale, ugonjwa wangu ulikuwa umekaangwa na vitunguu, umefungwa mu tortilla, na gidi anasema hii ni hazina ya jikoni ya Meksiko. Niliuma. Ladha ni kama uyoga wenye moshi, na mwisho wake kuna utamu kidogo wa hindi bichi. Kule, hindi lenye uvimbe huo likivunwa mapema, kabla halijageuka unga, linauzwa bei kuliko hindi lenye afya. Kuna wakulima wanaoambukiza mashamba yao kwa makusudi. Nilirudisha macho kwa mwalimu wangu wa zamani, moyoni, nikamuomba radhi ao yeye aniombe, sijui.

Kituo hiki njo kilikuwa kizuri kuliko vyote, na sababu ni kwamba gidi alieleza kazi: nani anavuna, siku ngapi, kwa nini mapema. Chakula kilipata mikono. Baada ya pale mikono ilianza kupotea.

Kituo cha pili: mama mmoja ameketi ku pembe ya barabara na jiko la makaa, juu yake bamba la chuma, pembeni kikapu kilichofunikwa kitambaa. Anauza tlacoyo. Ni mkate wa umbo la yai uliofinyangwa kwa mkono, wa hindi la buluu, ndani yake maharagi yaliyopondwa, juu yake majani ya kaktasi yaliyokatwakatwa na jibini kidogo. Peso 25. Niseme bila kuzunguka: hicho njo chakula kitamu nilichokula Meksiko yote. Harufu yake peke yake, harufu ya unga uliokutana na chokaa na moto, hakuna kitu nilisha sikia kinafanana nayo.

Gidi alisema: unga huu unatengenezwa kwa nixtamal, siri ya Waazteki, mahindi yanachemshwa na chokaa. Kisha, "twende picha". Dakika moja.

Bandugu, dakika moja! Ni kama kumutembeza mutu Lubumbashi na kusema "hapa kuna shaba" na kuendelea. Njo hapo ukosoaji wangu wote umekaa, kwa hiyo muniruhusu nifanye kazi ambayo gidi hakufanya.

Hindi likikauka, lina ngozi ngumu, na vitamini moja inaitwa niasini imefungwa ndani yake kwa namna tumbo la mutu haliwezi kuifungua. Watu wa Meksiko na jirani zao waligundua kama ukichemsha mahindi na chokaa kidogo, karibu gramu 10 kwa kilo moja, ukayaacha yalale usiku mzima mu maji yale, asubuhi ngozi inatoka kwa kusugua, punje inakuwa laini, unga unashikana bila ngano, na niasini inafunguka. Jina lenyewe linatoka mu lugha ya Nahuatl, linaunganisha majivu na tamale. Na si siri ya Waazteki. Waazteki walijenga mji wao karne ya 14. Chokaa ilikuwa mu sufuria zaidi ya miaka elfu mbili mbele yao.

Wazungu walichukua hindi, waliacha chokaa. Matokeo yake yameandikwa mu historia ya udaktari: mwaka 1735 Gaspar Casal alieleza ugonjwa wa ngozi kwa maskini wa Asturias, Hispania, waliokula mahindi karibu peke yake. Baadaye Italia ya kaskazini, na mwanzo wa karne ya 20 kusini mwa Marekani, ambako Joseph Goldberger alipambana kuonyesha kama pelagra inatoka ku chakula kibaya, si ku mikrobi. Watu wengi sana walikufa juu mbegu ilisafiri bila ujuzi wake. Na sisi? Sisi tulipokea hindi kwa njia hiyo hiyo, bila chokaa. Mutu anayekula bukari na samaki, maharagi na sombe hana shida. Mutu anayekula bukari na chumvi, huyo ana shida. Tena chokaa tuko nayo! Kakontwe, pale Likasi, ni jina la chokaa. Tunaitia ku mitambo ya shaba na kobalti, tunapaka kuta, tunasahihisha udongo wenye asidi. Ku sufuria, hapana.

Narudi kwa mama wa tlacoyo. Niliomba gidi amuulize mahindi ya buluu yanatoka wapi. Yule mama aliinua uso, akafuta mikono, akasema. Akasema kwa muda mrefu. Alionyesha upande wa milima, alihesabu ku vidole, alicheka mara moja, kisha akatulia kabisa na kusema kitu kimoja polepole. Pengine dakika nne ao tano. Gidi akatugeukia: "Anasema ni ya shamba la familia yake."

Mama wa Zambia akanigonga kiwiko. Tuliangaliana. Hindi lilikuwa lile, mu mikono ya mama yule, na maneno yake tuliyapoteza pale pale ku barabara. Kiispania changu ni cha kuomba maji na kulipa. Nilishika neno "tatu", na baadaye nilimbana gidi tukiwa tunatembea: alikuwa anasema anaamka saa tisa ya usiku kwenda ku mashini ya kusaga. Na lile la polepole? Gidi alisema hakumbuki, tulikuwa tumechelewa ku kituo cha tatu. Naamini kweli hakumbuki. Mutu anayefanya njia ile ile kila siku, masikio yake yanazoea kuchagua.

Mama alipewa peso 25 mara tisa. Ba turisti walimupiga picha wote, hakuna aliyeomba ruhusa. Jina lake hatukuambiwa, wakati jina la mpishi mkuu wa mkahawa wa kona, tuliopita mbele yake bila kuingia, tuliambiwa mara mbili.

Kituo cha tatu, tacos al pastor. Nyama ya nguruwe imepangwa ku chuma kirefu, inazunguka mbele ya moto, mpishi anakata vipande vinaanguka mu tortilla, na nanasi juu. Hapa gidi alifanya vizuri tena: alisema wazi kama ufundi huu ulikuja na wahamiaji wa Lebanoni mu karne ya 20, ni mtoto wa shawama, nguruwe amechukua nafasi ya kondoo. Ninapenda ukweli huo. Unavunja ile picha ya "asili" kama kitu kilichokaa mu sanduku tangu zamani. Nguruwe mwenyewe, jibini, vitunguu, vyote vilikuja na Wahispania. Na kwetu je? Muhogo wetu, ambao tunaapa nao kama sombe ni ya babu, ulivuka bahari na Wareno kutoka Amerika. Hindi pia. Maharagi pia. Ukiondoa vya Amerika ku meza ya nyumba ya Lubumbashi, utabaki na chumvi na mjomba wako. Lakini kama Mlebanoni anaruhusiwa kuingia mu "asili" baada ya miaka chini ya mia moja, basi karatasi yao ilipaswa kuacha kutuuzia Waazteki ku kila kona.

Kituo cha nne kilikuwa mole, mchuzi mzito wa pilipili kavu za aina nyingi na kakao kidogo. Nzuri. Nilikuwa nimeshiba, sina zaidi.

Cha tano kilikuwa nyumba ya pulque, na hapo nilikumbuka nyumbani. Pulque ni pombe ya maji matamu ya mmea wa agave. Unachimba moyo wa mmea uliokomaa, maji yanajaa kila siku, mutu anakuja kuyafyonza na kibuyu kirefu, na yanachacha yenyewe. Ni nyeupe, inavutika kama bamia. Wajerumani walikunja uso. Mama wa Zambia alionja, akasema kwa Bemba kama hii ni ndugu mlevi wa munkoyo. Kwa wasiosoma biokemia: munkoyo wetu ni uji wa mahindi ambao unatiwa mizizi ya mmea wa porini, na vimeng'enya vya mizizi vinakata wanga kuwa sukari. Mutu wa kwanza aliyegundua mzizi ule alistahili udaktari wa heshima.

Gidi alitueleza, kwa kucheka, hadithi kama zamani pulque ilichachushwa na kinyesi kilichofungwa mu kitambaa. Kikundi kilicheka, tukatoka. Hakusema kama hadithi ile ilisambaa wakati bia ya viwanda ilikuwa inatafuta wanywaji, na kama watu wengi kule wanaamini njo ilisaidia kuangusha pulque. Alituachia uchafu, akachukua maelezo. Mimi nimekua nikisikia munkoyo ni wa watu wa kijiji, ni uchafu, mupe mgeni Fanta. Sikucheka.

Sasa kitu ambacho hakikuwa mu kituo chochote. Tukiwa tunaagana, mama wa Zambia aliuliza swali ambalo mimi nilipaswa kuuliza: nyumbani kwako, tortilla munanunua wapi? Gidi alijibu bila aibu: ku duka la mashini ya mtaa, kwa kilo, na mara nyingi ni ya unga wa paketi. Njo hivyo jiji kubwa linakula. Mwaka 2007 bei ya tortilla ilipopanda, watu walijaza barabara mpaka uwanja wa Zócalo, hatua chache na tuliposimama kula. Tangu mkataba wa biashara wa 1994, mahindi ya manjano ya Marekani yanaingia kwa wingi, hasa kwa chakula cha mifugo. Nchi yenye karibu aina 60 za asili za hindi, nchi ambamo mbegu hii ilizaliwa miaka kama 9,000 iliyopita, inanunua mahindi nje. Hiyo ingekuwa kituo cha sita, na isingehitaji kuonja kitu. Nilisikia uchungu juu yule aliyeuliza anatoka Zambia, nchi ambayo unga wake tunaungoja Kasumbalesa kila mwezi, na mwaka ule ukame ulikuwa umechoma mahindi yao mpaka serikali yao ikatangaza janga. Kule Lubumbashi familia yangu ilikuwa inapima bukari. Mimi nilikuwa na tiketi ya dola 75 mu mfuko.

Je, matembezi yalikuwa mabaya? Hapana. Nilishiba, nilijifunza charbo inaliwa, na nilionja tlacoyo. Ningerudia kwa mama yule, bila kikundi, na mutu mmoja wa kutafsiri asiye na haraka. Kama kazi ya kueleza chakula, naipa nusu: inajua kuonyesha ladha, inajua kuchekesha, lakini inakimbia kila mara chakula kinapotaka kusema juu ya pesa, shamba na usiku wa mwanamke.

Kwa wenye wazo. Nilileta chokaa ya kupikia kutoka kule, paketi ndogo (ile ya kupaka ukuta musiguse, nawaomba). Nilijaribu nyumbani na kilo mbili za mahindi. Mara ya kwanza nilizidisha, yakatoka manjano na ladha ya sabuni, mama yangu aliangalia sufuria akasema, "Miaka tano ya univa, mutoto wangu, na unashindwa kupika mahindi." Mara ya pili yalikubali, na alikula bila kusema neno, ambayo kwake ni sifa. Vituo vyenu naviona bila shida: soko la Kenya kwa binkubala na mboga, kikanda, munkoyo, bukari mwisho. Lakini kabla ya kuchapisha karatasi, nilipita kwa mama mmoja wa munkoyo ninayemfahamu, nikamueleza wageni watakuja, watakunywa, watauliza maswali. Akauliza: "Batakuya kunywa munkoyo, ao batakuya kuniangalia miye?" Nikasema yote mawili. Akasema munkoyo bei inajulikana, ile ingine tupange kwanza, na kama ni maneno yake yanatafsiriwa, anataka binti yake njo atafsiri, juu binti anamjua.

Nilimwambia nitamuletea jibu. Bado sijarudi kwake, nangoja lenu.